Gauni la Manjano Lenye Mkono wa Kijani

Nina umri wa miaka thelathini na sita. Sijaolewa, sina mtoto, na kazi yangu ni kufua na kupiga pasi mashuka ya hospitali moja hapa London. Mikono yangu imebabuka kwa mvuke, lakini si mikono inayonifanya niandike leo...

Huenda baadhi yenu, ndugu wasomaji, mmewahi kukaa ukumbi wa sinema mkacheka mpaka mkashika mbavu, au mkalia mkafichana machozi gizani, kwa maneno yaliyotoka kinywani mwangu. Hamkujua, na mngejuaje? Jina lililoandikwa kwenye kioo halikuwa langu. Majina ya watu wa mkasa huu nimeyabadilisha, isipokuwa moja. Naitwa Raya. Hilo silifichi tena kwa ajili ya mtu yeyote!

Nilifika London nikiwa na miaka ishirini na moja. Nilipanga chumba Wembley, juu ya duka la viatu, dirisha likitazama reli. Mama yangu nilimwacha Ng'ambo, Unguja. Alikuwa akisoma Kurani bila kusita, lakini herufi za Kizungu hakuzijua, na hakutaka jirani amsomee siri za mwanawe. Basi tukafanya kama walivyofanya Wazanzibari wengi wakati ule. Tulitumiana kaseti.

Kaseti moja ilikwenda na kurudi. Mimi nikijaza upande wa kwanza, Mama akinijibu upande wa pili. Ikirudi naisikiliza, nalia kidogo, kisha narekodi upya juu ya sauti ile ile. Nani wakati ule aliweka akiba ya kaseti? Kaseti kwetu ilikuwa kama kikombe. Ukishakunywa unakisuuza, unatia chai nyingine. Kumbukeni jambo hili, maana ndilo lililoniponza.

Salamu zikiisha, Mama alitaka kisa. Yeye ndiye aliyenilea kwa visa, na sasa alidai deni lake. Nilimsimulia mwenye nyumba wangu, bibi wa Kizungu aliyekuwa akimficha paka wake kabatini kila wakaguzi walipokuja, na jinsi siku moja paka alivyojibu maswali ya mkaguzi kwa niaba yake. Mama alicheka upande mzima wa kaseti. Hakusema neno hata moja, alicheka tu, mpaka mkanda ukaisha.

Kaseti zetu zilipitia duka la redio huko Kenton, la Bi Khairun. Huyu alikuwa mama wa Kihindi mzaliwa wa Unguja, mjane, na Kiswahili chake kilikuwa kitamu kama cha bibi yangu. Juu ya kaunta aliweka kopo la biskuti. Ukitaka kaseti yako isafiri uliitumbukiza humo, na yeyote aliyekuwa anakwenda nyumbani alizichukua. Redio yangu ilipoharibika, Bi Khairun alinionyesha chumba cha nyuma ya duka, chenye mashine ya kurekodi kaseti mbili kwa pamoja, akaniambia nikae humo niseme na mama yangu kwa nafasi.

"Mwanangu, mama hasubiri redio itengenezwe," aliniambia.

Chumba kile kilikuwa na pazia. Nyuma ya pazia alikaa mwanawe, Nizar, na taipureta yake.

Nizar alikuwa mtoto wake wa pekee. Ndivyo tulivyoamini sote. Aliletwa London angali mchanga wa mwaka mmoja, akakulia hapa. Kiswahili alikisikia chote, ila ukimsemesha alikujibu kwa Kiingereza, kama watoto wengi wa hapa. Alitaka kuwa mwandishi wa filamu. Alikwisha kuandika nyingi, na zote zilirudishwa. Siku moja nilipomaliza kurekodi, pazia lilifunguka nikamkuta macho yamejaa machozi ya kicheko. Aliniambia kwamba filamu zake hazikuwa na watu ndani, na kwamba mimi, kwa dakika kumi, nilikuwa nimekijaza chumba watu.

Nani hapendi kuambiwa hivyo, akiwa na miaka ishirini na moja, na mikono inanuka sabuni ya hospitali?

Basi kila Jumamosi nilisimulia, naye akaandika. Niliulizwa mhusika alivaa nini, alisitasita wapi, alinyamaza wakati gani. Nilimfundisha kwamba mtu anayesema uongo hutaja saa bila kuulizwa. Nilimfundisha kwamba kilio kifikapo kabla ya habari kinamchosha msikilizaji. Aliniahidi jina langu litafuata lake. Akanishika mkono nyuma ya rafu za redio, akaniahidi na mengine ambayo leo naona haya kuyaandika...

Kisa cha paka kikawa mchezo wa televisheni. Tulikaa sebuleni kwa Bi Khairun na majirani zake, sambusa mkononi. Majina yakapita. Lake lilikuwepo. Langu halikuwepo. Aliniambia kwamba wakubwa wa kampuni walipunguza majina, na kwamba mara ijayo haitakuwa hivyo. Nilimwamini. Mara ijayo ilikuwa kisa cha kutisha alichonisimulia Mama, nikakigeuza kikawa cha London. Hicho ndicho kilichompeleka Hollywood.

Aliondoka akisema atanifuata baada ya miezi sita. Baada ya miezi minane Bi Khairun alinionyesha picha ya harusi. Bibi harusi alikuwa Mmarekani mwenye meno mazuri. Nilimpongeza Bi Khairun, nikampelekea sahani ya visheti, nikarudi Wembley nikalala na viatu.

Ningesamehe. Wallahi, hata hilo la harusi ningelisamehe! Mwanamume kubadili moyo si jambo geni. Lakini kilichofuata...

Sifa zake zilianza kufika. Magazeti yalimwita mwandishi wa kila aina. Leo ametoa ya kuchekesha, kesho ya mapenzi, keshokutwa ya vita, na zote zikagusa. Walishangaa kijana mmoja anawezaje kuwa na mioyo mingi hivyo. Mimi nilisoma hayo kwenye treni ya kwenda kazini, nikadhani labda kweli Mungu amemjalia.

Mpaka Jumamosi moja mchana, nilipokwenda sinema na mwenzangu wa kazini. Ilikuwa filamu ya mapenzi. Katikati yake mgonjwa mzee akaonekana akifunga fundo kwenye pembe ya shuka lake, fundo moja kwa kila siku ambayo mkewe hakuja kumtazama. Na mwanamke wa kufulia, huko chini, akawa anayafungua mafundo yale moja moja bila kujua ni ya nani...

Yule mwanamke wa kufulia ni mimi! Shuka lile nililishika kwa mikono hii. Na kisa kile nilikuwa nimemsimulia mtu mmoja tu duniani, mama yangu, katika kaseti, wakati Nizar amekwisha kaa Marekani miaka miwili.

Nilikwenda Kenton siku ile ile. Bi Khairun alinipokea kwa furaha. Nilipomuuliza kwa mbali kama Nizar huwa anazisikia kaseti zangu, alijibu bila kuficha chochote. Mwanawe alimwambia kwamba sauti yangu inamtuliza, kwamba huko ugenini anaona baridi ya moyo. Kwa hiyo kila nilipoacha kaseti, mama huyu aliitia katika ile mashine ya kaseti mbili, akainakili, akaituma California.

"Mimi sisikilizi, mwanangu," alisema haraka, akidhani nimeudhika. "Sauti naizima kabisa. Maneno ya mtu na mamake si yangu."

Alikuwa hajui. Kwa adabu yake tu, alikuwa hajui! Ningemwambia pale pale mambo yangekwisha. Lakini alikuwa amesimama chini ya picha ya mwanawe, ameitia fremu ya dhahabu, na mimi sikutaka ajue kwa upole. Nilitaka Nizar aumbuke mbele za watu.

Nilimpigia simu. Alicheka. Alisema kwamba visa vimelala njiani, anayeviokota ndiye mwenyewe. Alisema Hollywood hakuna atakayesoma karatasi za mfua mashuka. Kisha akaniuliza, taratibu, ushahidi wangu uko wapi.

Ushahidi? Wakili niliyemwendea aliniuliza hilo hilo. Nilifungua sanduku langu nikatoa kaseti. Miaka yote ile, kaseti tatu tu, zimefutwa na kurekodiwa mpaka mkanda umekwaruzika. Iliyobaki ndani yake ilikuwa sauti ya Mama akinieleza bei ya nazi na nani kaolewa. Wakili alikuwa mtu mwema, alisikiliza yote. Akaniambia anasikitika. Nami nikatoka nikiwa nimeamua.

Sasa nifike kwenye dhambi yangu.

Mwaka mmoja kabla ya hapo Bi Khairun alikuwa amenifungia mlango wa duka adhuhuri moja, akanikalisha, akaniambia siri ambayo hajamwambia mtu London nzima. Alikuwa na mtoto mwingine. Binti, Gulshan, aliyemwacha akiwa na umri wa miaka mitatu. Walipoondoka Unguja, miaka michache baada ya Mapinduzi, binti alikuwa na surua, mwili moto kama jiko, hawezi kusafiri. Walimwacha kwa jirani, mama mmoja wa Kiswahili, kwa wiki moja tu. Wiki ile haijaisha mpaka leo. Njia zilifungika, barua hazikujibiwa, na mumewe akaapisha nyumba nzima kwamba jina lile lisitajwe tena. Nizar hakuwahi kuambiwa kwamba ana dada.

"Siku ile nilimvika gauni la manjano," alinisimulia. "Nilishona mwenyewe. Kitambaa kilinipungukia, mkono mmoja nikautia wa kijani. Alilia, hautaki ule mkono. Nikamwambia nikirudi nitaubadilisha."

Aliniomba nimuulize Mama, kwa siri, kama anaweza kumtafuta. Nilifanya hivyo. Kaseti ile niliirekodi chumbani kwangu kwa redio ya kuazima, nikampa muuguzi mmoja aliyekuwa akisafiri, isipite dukani. Mama akaanza kuulizia mtaa kwa mtaa.

Huyo ndiye mwanamke aliyeniamini. Na siri yake ndiyo niliyoifanya kisu!

Nilikwenda dukani Jumamosi, nikakaa chumba cha nyuma, nikabonyeza vifungo. Nikaanza na salamu kama kawaida, kisha nikasimulia. Mwanamke tajiri anakimbia mji wake. Ana mtoto mgonjwa, na ana sanduku la dhahabu. Mwenye gari anamwambia nafasi ni moja. Naye anachagua dhahabu! Nilikitia kila kitu kisa kile, surua, jirani, na gauni la manjano lenye mkono wa kijani. Nilikitilia chumvi mahali pa kumliza msikilizaji. Kwa nini nilitia dhahabu? Kwa sababu nilimjua Nizar. Mama anayelazimika asingemvutia. Mama katili angemvutia.

Sijawahi kusimulia vizuri kama siku ile. Nilikuwa natetemeka kwa raha...

Nikamkabidhi Bi Khairun kaseti. Akaitia katika mashine. Akazima sauti. Nilisimama pale nikaangalia magurudumu mawili yakizunguka pamoja, naye akifunga bahasha, akiandika anwani ya mwanawe kwa mwandiko wake mzuri. Ile ya asili niliichukua nikasema nitaituma mwenyewe. Niliifuta njiani kwa redio ya mwenzangu.

Baada ya hapo nilisubiri. Mwaka mmoja na nusu! Kila shuka nililopiga pasi nililipiga pamoja na jina lake.

Filamu ikafika. Gazeti likasema ndiyo kazi yake kubwa kuliko zote. Nizar akaja London mwenyewe, koti refu, nywele zimelainishwa, akamchukua mama yake na jamaa zao kwenda kuitazama. Bi Khairun akanialika na mimi. Nizar aliponiona alinipa mkono kama mtu anayempa mhudumu koti alitundike. Nilimtabasamia.

Nilikaa safu ya nyuma yao. Sikuitazama filamu. Nilitazama kisogo cha Bi Khairun. Gauni la manjano lilipotokea, kubwa, kioo kizima, mkono mmoja wa kijani, shingo yake ilinyooka. Haikuinama tena mpaka taa zikawashwa.

Tulirudi kwake Kenton. Chai, katlesi, maneno ya sifa. Watoto wa jamaa wakamwomba Nizar saini yake. Mjomba wake mmoja akasema mwanamke yule wa kwenye filamu ni shetani, angemkuta njiani angemtemea mate, kisha akamuuliza Nizar alitoa wapi jambo kama lile. Nizar akatoa jibu lake la magazeti, kwa Kiingereza, kwamba kisa kilimjia ndotoni, alfajiri, kamili.

Bi Khairun aliweka chini birika.

"Na ule mkono wa kijani," alisema, "nao uliuota?"

Nizar alicheka, akajibu kwamba ndiyo, hasa ule mkono, umesifiwa sana.

"Ule mkono nimeushona mimi, Nizar."

Hakuna aliyeelewa. Mtoto mmoja alitaka kucheka, akaona uso wake, akaacha. Bi Khairun akasema tena, polepole, kwamba mtoto yule anaitwa Gulshan, na ni dada yake. Mjomba, ambaye alijua na alikuwa ameapishwa, alifunika uso kwa kiganja. Nizar alimtazama mjomba, akamtazama mama yake, na rangi ikamtoka. Halafu akageuka kwangu, na kwa mara ya kwanza tangu nimjue, nilimsikia akisema Kiswahili kizima mbele za watu.

"Ni Raya. Zote ni za Raya. Mimi sijawahi kuota kitu."

Nililipata, wasomaji! Neno nililolisubiri miaka yote, mbele ya jamaa zake, mbele ya picha yake ya fremu ya dhahabu! Lilikuwa tamu. Siwezi kuwadanganya, lilikuwa tamu kuliko nilivyodhani, na utamu wake ulidumu muda wa mtu kuvuta pumzi moja.

Kwa sababu Bi Khairun naye aligeuka.

"Kwa hiyo wewe ndiye uliyesema nilimwacha kwa ajili ya dhahabu," aliniambia.

Hakupandisha sauti. Aliniletea koti langu, akalishikilia nilivae, kama alivyokuwa akinifanyia siku zote za baridi. Kisha akafungua mlango.

Nizar? Hakuna sheria iliyomgusa. Lakini mama yake hakutuma tena kaseti, na filamu mbili alizoziandika baada ya hapo zilikuwa tupu. Nilikwenda kuzitazama zote mbili, mchana, peke yangu. Hazikuwa na watu ndani. Magazeti yakaanza kuuliza ile mioyo mingi imekwenda wapi, na mimi nilikata vipande hivyo vya gazeti nikaviweka. Simsamehi! Watu wa dini wananiambia nimsamehe, nami nawajibu kwamba kwanza arudishe sauti yangu.

Jambo linaloniamsha si yeye.

Miezi saba baadaye kaseti ya Mama ilifika kwa mkono wa msafiri. Alikuwa na haraka, hata salamu aliziruka. Amempata. Gulshan yu hai, yuko shamba upande wa kaskazini, ana watoto wanne, amelelewa kwa jina jingine. Mama alimpa nafasi aseme mwenyewe. Sauti nzito, ya kiasi, ikasema haimkumbuki mama, inakumbuka gauni tu...

Nilikwenda Kenton. Nilibisha. Niliona pazia likitikisika, mlango haukufunguliwa. Nikaita, nikasema nimeleta nini. Basi nikaisukuma kaseti kwenye tundu la barua, nikaisikia ikianguka sakafuni.

Nilisimama kwenye ngazi, mvua inaninyeshea. Baada ya muda, ndani, nikasikia kifungo kikibonyezwa. Kisha sauti ya mama yangu, ndani ya nyumba nisiyoruhusiwa kuingia, ikisema, "Bismillahi, mwanangu Raya, mwambie mwenzetu nimempata." Na safari hii sauti haikuzimwa. Iliongezwa mpaka mwisho, mtaa mzima ukasikia.

Nilisubiri mpaka kaseti ilipokwisha. Mlango haukufunguliwa. Haujafunguliwa mpaka leo.

Dada zangu, kaka zangu, ninyi mnaosimulia na ninyi mnaoandika: kazi yako iweke jina lako kabla hujaitoa mkononi, na nakala ubaki nayo. Usifute! Mtu akikuahidi mara ijayo, mwambie aandike leo. Na ukishadhulumiwa, mchukie aliyekudhulumu, hilo silikatazi, mimi mwenyewe namchukia bado. Lakini silaha uitafute kwako. Usiende kuichukua kwenye kifua cha mtu aliyekufungulia moyo wake. Mimi nilimpiga Nizar kwa mkono wa mama yake, na mkono ule ndio uliovunjika.

Siku hizi narekodi kaseti mpya kila mwezi na kuziweka kabatini, jina langu limeandikwa pande zote mbili. Mama amekwisha fariki. Sina wa kumtumia.